Mzizi hauna koti

Mwanangu,

Umeniuliza utie maji mara ngapi kwa siku ile miche ya tungule uliyoihamisha jana huko Mtwapa, maana imelegea. Mimi ningekuuliza kwanza: uliing'oaje?

Mzizi hauna koti. Jani limepakwa nta, hata jua la Machi linalivumilia. Ngozi ya nje ya mzizi, epiblema wanavyoiita waliosomea mimea, ni safu moja tu ya seli, bila nta ya maana wala vitundu vya kupumulia, kwa sababu kazi yake ni kunywa. Baadhi ya seli hizo huchomoza zikawa vinyweleo, kila kinyweleo seli moja, milimita chache nyuma ya ncha. Ukivuta mche kwa shina, vyote vinabaki mchangani. Sasa hata ukimimina ndoo nzima, nani anywe?

Kikonyo cha yungiyungi kilichozama majini ni hivyo hivyo: kitoe ukiweke juani uone kinavyonyong'onyea. Uso wa jani lake ulioelekea juu una nta, tone la maji linateleza tu.

Ndiyo maana ule mwasmini wa nyanya yako haunitoki. Aliutoa koponi, akaisuuza mizizi kwenye karai hadi ikawa myeupe kama uzi wa kushonea, akaupanda saa saba mchana! Nilimwambia auache ule udongo. Kufika Ijumaa, majani yote chini. Ingawa, wacha niseme kweli, mimi ndiye niliyekuwa nikiumwagia asubuhi na jioni, na mchanga uliojaa maji hauna hewa, mizizi huoza. Nani aliuua? Nimejizuia kusema miaka yote hii, na leo pia najizuia, japo kwa shida.

Basi: vinyweleo huishi siku chache, vingine wiki mbili tatu, kwa hiyo mche uliobaki na ncha zake utaota vingine. Ezeka kivuli cha makuti siku nne au tano. Asubuhi tia nusu lita kwa kila shina, na kabla ya kurudia chomeka kidole hadi pingili ya pili. Ukikuta unyevu, acha. Maji ya kisima chako yana chumvi, na chumvi huunyang'anya mzizi maji, kwa hiyo wiki ya kwanza tumia ya mfereji. Mbolea ya dukani nayo ni chumvi. Ingoje hadi uone jani jipya.

Siku nyingine mwagilia kitalu usiku wa kuamkia kupanda, fukua kwa kijiko kikubwa, uinue mche na donge lake, upande saa kumi na moja jioni. Mzizi hauna koti, donge ndilo koti lake.

Mche unaolegea mchana na kusimama alfajiri una mizizi. Uliolala hata alfajiri usiuongezee maji. Fukua taratibu pembeni, utazame ncha: nyeupe na ngumu, au kahawia na inateleza? Kisha uniandikie.

Mamako