Chotara wa uso bapa anakoroma, nianze kumpima nini?

Swali: Dokta shikamoo. Nina mbwa jike mdogo, chotara wa Pug na Chihuahua, ana miaka 2, uso bapa kabisa. Akilala anakoroma balaa ila kucheza anacheza. Naambiwa machotara hawana shida za wale wa mbegu safi. Nimpime nini, na je kipimo cha DNA kinatosha?

Jibu: Marahaba. Hilo la machotara naomba uliweke pembeni, maana uso ukishatoka bapa shida inakuja nao, mifupa ya uso imekuwa mifupi ila nyama za ndani hazikupungua kiasi hicho, kaakaa laini linaning'inia mpaka kooni na ndo huo mkoromo unaousikia. Kwa hiyo anza na pumzi kabla ya kitu kingine chochote. Asisikilizwe akiwa ametulia mezani tu. Daktari aweke stethoskopu kooni, halafu mbwa akimbizwe mchakamchaka dakika 3, asikilizwe tena hapohapo, kuna utaratibu wa Chuo Kikuu cha Cambridge unaotoa gredi 0 (mzima) mpaka 3 (hali mbaya kabisa) na kuna mbwa kabla ya kukimbia utaapa ni mzima, akimaliza unasikia hewa inakwaruza kooni mpaka unamhurumia. DNA haikuonyeshi hicho, yenyewe inafaa kwa baadhi ya magonjwa ya kurithi, basi. Cheki na matundu ya pua, yakiwa kama mstari tu na akivuta hewa yanazidi kujibana, ulizia mapema operesheni ya kuyapanua.

Macho pia, kwa sababu yametokeza nje yanakauka na kuchubuka kirahisi. Kuna kikaratasi kinachochomekwa kwenye kope ya chini dakika 1, machozi yanatakiwa yapande milimita 15 au zaidi. Akiwa anafumba jicho moja aombewe na ile dawa ya rangi inayong'aa kijani penye kidonda.

Upande wa Chihuahua unaleta magoti. Ukimwona anatembea, ghafla anakunja mguu wa nyuma anarukaruka hatua kadhaa halafu anaushusha kama hakuna kitu, hiyo ni pia ya goti inachomoka, daktari anaipima kwa mkono tu na kuipa daraja 1 mpaka 4. Mkia ukiwa umejisokota, pingili za mgongo nazo zinaweza kuwa na kasoro, piga eksirei ya mgongo.

Meno ni 42 kwenye taya fupi, yanabanana na kuoza. Kuyasafisha ni nusu kaputi, na kwa hawa nusu kaputi naiheshimu sana, kwa hiyo siku hiyohiyo kaakaa likaguliwe na eksirei ipigwe, na mpira wa hewa usitolewe kooni mpaka aamke vizuri.

Uzito usiupuuze jamani, mafuta yanabana koo hilohilo, mbavu uzihisi ukimpapasa.

Nyumbani mrekodi video akiwa usingizini, hesabu pumzi, zikizidi 30 kwa dakika mara kwa mara mwonyeshe daktari. Ila fizi zikiwa bluu au akizimia, usirekodi, mkimbize hospitali saa hiyohiyo.