Seita na Setsuko: kisa cha kweli au cha kubuni?

Ni nusu kwa nusu. Kabla ya filamu ya Kijapani ya Isao Takahata ya 1988, inayowahusu kaka Seita na mdogo wake Setsuko wakati wa vita, Kaburi la Vimulimuli (Hotaru no Haka) ilikuwa hadithi fupi ya Akiyuki Nosaka, ya 1967. Nosaka alinusurika mabomu yaliyopiga mji wa Kobe, Japani, Juni 1945, katika Vita vya Pili vya Dunia, akiwa na miaka 14, na Agosti mwaka huohuo dada yake wa kulelewa, Keiko, akafa kwa utapiamlo huko Fukui, yeye ndiye akimtunza.

Ila Keiko alikuwa na mwaka mmoja na miezi kadhaa tu, si miaka minne kama Setsuko. Na kuna tofauti nyingine, inayoniuma kila nikiikumbuka: Seita anajitahidi kumlisha mdogo wake hadi mwisho, wakati Nosaka alikuja kukiri kwamba njaa ilimshinda, akala chakula kilichokuwa cha mtoto. Seita ni kaka ambaye yeye alitamani angekuwa. Isitoshe, Seita anafia kituo cha treni cha Sannomiya. Nosaka aliishi hadi 2015.

Ndiyo maana kwangu anayepoteza utoto humo ni kaka. Setsuko anakufa bado mtoto kabisa, anachezea mawe akidhani ni chakula. Seita ndiye anayejifunza kuiba kwenye nyumba za watu ving'ora vikilia, wenyewe wakiwa wamekimbilia mahandakini.