Kichocho kurudi si lazima dawa iwe feki

Pole sana dada wa Igombe. Umeuliza iweje mwanao alimeza dawa ya kichocho shuleni na sasa kipimo cha choo kinaonyesha mayai ya minyoo tena. Usikimbilie kusema dawa ni feki. Dawa hiyo, prazikwanteli, inaua minyoo iliyokomaa; ile michanga, iliyoingia mwilini wiki chache kabla ya kumeza, huponyoka, ikakua na kutaga. Na mtoto akirudi ziwani anaambukizwa upya. Vijidudu vya kichocho vilivyo majini hupenya ngozi ndani ya dakika chache, huku yeye amesimama maji ya magoti anajaza ndoo. Wale konokono wadogo kama ukucha wanaonata kwenye majani ya ukingoni ndio wanaovitoa.

Jambo jingine ambalo watu hawaambiwi: kioo kimoja cha kipimo, kile kinachowekwa chini ya hadubini, kina kinyesi cha miligramu 41.7 tu. Mwenye minyoo michache anaweza kuonekana mzima, ndiyo maana watafiti huomba choo cha siku zaidi ya moja. Msichoke wakiwarudia, jamani.

Mrudishe kituo cha afya apewe dozi kwa uzito, kwa kawaida miligramu 40 kwa kila kilo, na ale kwanza, kichefuchefu kitapungua. Maji ya kumwogesha yachote leo, chuja konokono wasiingie, funika, yatumie baada ya siku mbili. Vile vijidudu vitakuwa vimekufa.