Miche ya paina iliyodumaa na uyoga unaoota chini ya miti mikubwa

Swali: Nina kitalu cha paina hapa Sengerema. Mbegu ziliota vizuri, nikahamishia miche kwenye viriba vyenye udongo wa shambani, mchanga na samadi. Sasa imedumaa, majani yameingia rangi ya zambarau na mingine imekuwa ya njano. Jirani ananiambia nichanganye udongo wa chini ya paina zilizokomaa, mahali panapoota uyoga wa kahawia wenye utelezi. Je, ni kweli, au ni imani tu? Uyoga huo unaweza kulimwa kama ule wa mamama unaooteshwa kwenye mifuko, au kuliwa? Na udongo huo utaifaa mikaratusi yangu?

Jibu: Jirani yako amekushauri vema. Rangi ya zambarau kwenye majani ya paina kwa kawaida huonyesha kwamba mche haupati fosforasi ya kutosha, na mara nyingi tatizo si kwamba fosforasi haimo kwenye kiriba, bali ni kwamba mizizi imekosa mshirika wa kuichota. Mshirika huyo ni kuvu. Uyoga unaochomoza baada ya mvua ni sehemu yake ya kuzalia tu, kwa maana mwili wenyewe ni nyuzi nyembamba mno zilizotandaa udongoni, ambazo huvika ncha za mizizi midogo ala na kupenya katikati ya seli za tabaka la nje bila kuingia ndani ya seli hizo. Hapo ndipo biashara hufanyika: kuvu huleta fosforasi, naitrojeni na maji kutoka mahali ambapo mzizi wenyewe usingefika, na mti hulipa kwa sukari iliyotengenezwa majanini. Mjerumani Albert Bernhard Frank aliuita ushirika huu maikoriza mwaka 1885, na inafurahisha kujua kwamba alianza kuuchunguza baada ya kutakiwa aeleze namna ya kulima uyoga wa thamani unaokua chini ya ardhi, swali lisilo mbali na lako.

Kwa maelezo yako, uyoga huo unafanana sana na Suillus granulatus. Upindue: chini ya kofia hutaona vipande vyembamba kama vya mamama, bali vitundu vidogo vya njano, na ukiwa bado mchanga vitundu hivyo hutoa matone meupe kama maziwa. Kuvu huyu huishi na paina. Kwa kuwa Tanzania haina paina ya asili, udongo wa shamba ambalo halijawahi kuwa na mti huo hauna sababu ya kuwa naye, isipokuwa upepo uwe umeleta mbegu zake kutoka shamba la jirani. Huko Puerto Rico majaribio ya kupanda paina yalishindikana kwa miaka mingi, hadi mwaka 1955 miche ilipotiliwa udongo uliotolewa chini ya paina za North Carolina, Marekani.

Kabla ya kuhangaika, chana kiriba kimoja, loweka mizizi kwenye maji na uioshe taratibu bila kuisugua. Mizizi iliyokwisha kupata kuvu huwa na ncha fupi, nene kidogo, zilizogawanyika mara mbili mithili ya panda la manati, na nyuzi nyeupe au za kahawia huonekana kwa macho. Ukizikuta kwa wingi, tafuta sababu nyingine, hasa maji kutuama ndani ya viriba.

Usipozikuta, nenda kwenye paina zenye afya. Kwa upande wenu kuna shamba la miti la serikali la Buhindi, na walioko Ukerewe wana Rubya. Omba ruhusa kwanza ofisini. Ondoa majani makavu, chukua udongo wa juu usiozidi kina cha sentimita 10 pamoja na vijizizi vyake, na usiuchukue chini ya miti inayokufa, maana unaweza kuhamisha ugonjwa pamoja na dawa. Ufunike usikauke juani, na uutumie mapema. Kwa viriba vipya, changanya ndoo 1 ya udongo huo na ndoo 9 za mchanganyiko wako. Kwa miche iliyokwisha kusimama, toboa mashimo mawili au matatu kando ya shina kwa kijiti, jaza udongo huo, kisha mwagilia. Njia nyingine ni kuponda kofia za uyoga uliokomaa kwenye maji safi, kuchuja kwa kitambaa na kumwagilia maji hayo. Ni nyepesi kubeba, ila matokeo yake hukawia kidogo.

Punguza samadi, na usikimbilie mbolea ya chumvichumvi. Mche unaolishwa kupita kiasi hauoni haja ya kuvu, nao huingia shambani ukiwa mnene juu na maskini chini.

Kuulima kwenye mifuko ya pumba haiwezekani kwa namna ya mamama, kwa sababu mamama huozesha mabaki ya mimea na kujilisha humo, ilhali huyu hutegemea sukari ya mti ulio hai. Kuhusu kula, Suillus granulatus huliwa baada ya kumenywa ngozi ya utelezi, ambayo huharisha baadhi ya watu, na kupikwa vizuri. Hata hivyo, chini ya paina huweza pia kuota uyoga wenye sumu, kwa hiyo usile kwa kutegemea maelezo yangu ya maandishi. Mpelekee kwanza mtu anayeujua akauone kwa macho.

Mikaratusi ina kuvu wake wengine, hivyo udongo wa paina usiutegemee huko. Chukua ule wa chini ya mikaratusi iliyokomaa. Miembe na mikahawa hushirikiana na kuvu wa kundi tofauti kabisa, wanaoingia ndani ya seli za mizizi na wasiotoa uyoga juu ya ardhi.