Barua kwa Mwanangu: Stagecoach Walipokuwa Nairobi

Mwanangu mpendwa,

Ujumbe wako nimeupata. Unasema mwenzako wa kazini hapo Manchester, mzee aliyewahi kuwa dereva wa Stagecoach, kampuni ya mabasi ya Uingereza, alikuambia kwamba kampuni hiyo iliwahi kumiliki mabasi ya Nairobi, na kwamba mengine yalitoka kwetu yakaishia huko kwenu. Unataka kujua kama alikuwa anakutania. Na kama ni kweli, mbona kampuni iliyowabwaga wenzake Uingereza nzima ilishindwa hapa?

Hakukutania. Ila ukitaka kuelewa kwa nini walishindwa, lazima tuanze kabla yao.

Kenya Bus Service, ambayo sisi sote tuliiita KBS, ilianza mwaka 1934. Kampuni ya London iitwayo Overseas Motor Transport ilileta mabasi 13 kuhudumia njia 12. Mwaka 1950 wakaingia United Transport, Waingereza wengine. Baada ya uhuru, mwaka 1966, Baraza la Jiji lilichukua asilimia 25 ya hisa, na KBS ikapewa haki ya kubeba abiria mjini peke yake. Mkataba huo uushike vizuri, maana ndio kiini cha habari yote.

Ukipewa mji mzima, huna budi kuuhudumia mji mzima. Basi liondoke alfajiri hata kama ndani mna abiria wanne. Lirudi usiku likiwa karibu tupu. Dereva na kondakta walipwe mshahara mwisho wa mwezi, abiria wawe wengi au wachache. Hasara ya alfajiri na usiku unaifidia saa moja asubuhi na saa kumi na moja jioni, watu wanapojaa mpaka mlangoni. Hesabu ya kampuni ya mabasi ya mjini ndiyo hiyo, hakuna uchawi mwingine.

Mwaka 1973 Mzee Kenyatta akatangaza kwamba matatu zinaweza kubeba abiria bila kuhitaji leseni ya TLB, ile bodi ya leseni za usafiri. Hadi siku hiyo zilikuwa zikifanya kazi kwa kujificha. Mimi silaumu tangazo lile. Mji ulikuwa umepanuka, watu wa mitaa ya pembeni walikuwa wakitembea kwa miguu hadi Industrial Area, na KBS haikuwa ikiwafikia wote. Lakini mkataba wa 1966 ulianza kutoboka siku hiyo, na hakuna aliyekaa na KBS kuuandika upya. Wajibu ulibaki palepale, ile haki ya peke yake ndiyo iliyoondoka.

Wewe umekulia kwenye matatu, kwa hiyo huoni ajabu. Sisi tuliokuwa tukipanda basi namba 46 la Kawangware tuliliona jambo hili waziwazi. Jioni pale Kencom, mvua ikianza tu, makanga anapandisha nauli maradufu papo hapo, na watu wanalipa. Kondakta wa KBS ana mashine ya tiketi na begi la chenji, nauli yake ni ileile, mvua isinyeshe au inyeshe. Utadhani watu wote watalikimbilia basi. Walilikimbilia, tena siku hizo za mvua hasa. Siku za jua ilikuwa vingine: matatu imesimama mbele ya basi, makanga anaita, anakushusha mlangoni kwako badala ya stejini, muziki juu. Ikijaa inaondoka. Basi linafika dakika tano baadaye, linaokota mabaki. Saa nne usiku, mwenye matatu ameshapata hesabu yake na gari limelala. Anayekungoja wewe uliyechelewa kazini ni KBS.

Serikali nayo ikaongeza mshindani mwingine. Mwaka 1986 likaundwa shirika la Nyayo Bus, likiendeshwa na vijana wa NYS, yaani Huduma ya Vijana kwa Taifa, nauli nafuu. Tulilipenda sana. Lakini lilikufa kabla miaka ya 1990 haijaisha, na mabasi yake mengi yaliishia kuegeshwa kwa kukosa spea.

Sasa Stagecoach. Ilianzishwa Perth, Scotland, mwaka 1980 na ndugu wawili, Brian Souter na dada yake Ann Gloag. Baba yao alikuwa dereva wa basi, dada alikuwa muuguzi, kaka ni mhasibu aliyewahi kufanya kazi ya kondakta. Walianza na safari za masafa marefu, Dundee hadi London. Mwaka 1986 serikali ya Margaret Thatcher ilipofungua biashara ya mabasi nje ya London, mtu yeyote aweze kuweka basi njia anayoitaka, hao ndugu wakachangamka kuliko wote. Walinunua kampuni za umma zilizokuwa zinauzwa, na pale walipokuta mwenyeji amekaa, walimbana mpaka akaondoka. Kisa kinachojulikana zaidi ni cha mji wa Darlington, Uingereza, mwaka 1994: waliwachukua madereva wa kampuni ya manispaa, kisha wakabeba abiria bure kwenye njia zake. Kampuni ya manispaa ikaanguka. Tume ya serikali iliyochunguza mambo hayo ikawakemea vikali mwaka uliofuata.

Unaona nilipolenga? Kwao, Stagecoach ndio waliokuwa matatu. Walikuja Nairobi mwaka 1991, wakainunua KBS kutoka kwa United Transport kama walivyonunua kampuni ya Malawi mwaka 1989, na hapo ghafla wakajikuta wamekaa kiti cha mwenyeji. Ujanja wote waliokuwa nao ulikuwa wa kumshambulia mwenye ratiba na mishahara. Safari hii mwenye ratiba na mishahara ni wao, na wanaoshambulia ni maelfu ya watu wenye gari mojamoja, ambao huwezi kuwanunua wala kuwafilisi, maana ukimfilisi mmoja, kesho wamekuja wawili.

Hawakukaa bure, nawapa haki yao. Mabasi yalipakwa rangi nyeupe yenye ile mistari yao, na wakaleta mabasi ya ghorofa, Dennis Dragon marefu. Watoto walikuwa wakigombania kiti cha mbele cha juu, na watu wazima pia, tusidanganyane. Lakini fikiria barabara zetu za miaka hiyo, mashimo kila hatua. Fikiria pia mwaka 1993, shilingi ilipoporomoka: spea unanunua kwa pauni, nauli unakusanya kwa shilingi.

Mwaka 1998 wakauza kwa wawekezaji wa hapa nyumbani. Na hapa mzee wako yuko sahihi kabisa: baadhi ya zile Dragon zilisafirishwa hadi Manchester, zikapakwa buluu ya Magic Bus, ile huduma yao ya bei rahisi, zikabeba wanafunzi Wilmslow Road. Yaani gari lililoshindwa na matatu Nairobi likaenda kuwa matatu kwenu.

KBS yenyewe haikudumu sana baada ya hapo. Ilizama katika madeni miaka ya 2000, na jina likabaki kwa kampuni inayoyaunganisha magari ya wenye mali tofauti chini ya rangi moja. Kilichobaki mjini ni namba za njia. 46 bado ni Kawangware, 111 bado ni Ngong, 58 bado ni Buru Buru. Matatu zilirithi ramani nzima ya KBS bila kulipa hata senti.

Uliniambia pia mabasi ya huko kwenu sasa ni ya manjano na nembo ya nyuki, na hukuelewa kwa nini Stagecoach wanaendesha gari lisilo na rangi zao. Tangu Januari 2025 mamlaka ya Greater Manchester ndiyo inayopanga njia, ratiba na nauli zote, na kampuni zinalipwa kuendesha tu. Ni kama ule mkataba wetu wa 1966, ila safari hii mwenye mji ameshika pia sanduku la nauli, na hakuna anayeruhusiwa kupita mbele ya basi lako kuokota abiria. Laiti Baraza letu lingefanya hivyo mwaka 1973, badala ya kukalia hisa zake 25 kwa mia na kunyamaza.

Mwulize huyo mzee kama aliwahi kuendesha mojawapo ya zile Dragon, na kama breki zake zilikuwa na nafuu huko. Baba yako anakusalimia, anasema ukipata picha ya Dragon utume.

Wako,
Mama