Krak ya torenti kwenye mashine ya steshenari

Mteja anasubiri kadi zake za harusi, Photoshop imegoma, na fundi anasema vuta krak (programu iliyovunjwa leseni ili itumike bila kulipia) kwenye torenti (njia ya watu kugawiana mafaili mtandaoni), ni dakika kumi tu. Steshenari nyingi za Moshi na Arusha zina kompyuta moja au mbili, na ndizo hizohizo zinazojaza maombi ya mikopo ya wanafunzi na ya ajira. Nywila za wateja zimelala ndani ya Chrome.

Torenti hukagua kila kipande cha faili kwa hashi, yaani alama inayokokotolewa kutoka kwenye kipande chenyewe, ndiyo maana watu huiamini. Lakini hashi inathibitisha tu kwamba faili ni lilelile alilopandisha mtu wa kwanza. Kama alilipandisha na kirusi, kirusi nacho kimefika kamili, hakijapungua hata baiti.

Ukikuta faili la zip lenye nywila, na nywila yenyewe imeandikwa kwenye notisi pembeni, lifute. Nywila hiyo imewekwa ili antivairasi isichungulie ndani. Halafu kuna lile agizo la "zima antivairasi kwanza, krak zote huonekana kama virusi." Ni kweli nusu: hata krak isiyo na kirusi hupigiwa kelele. Ndiyo sababu huwezi kujua ipi ni ipi.

Krak yenye kirusi imeshaingia? Chomoa intaneti. Kwa simu, si kwa mashine hiyo, badilisha nywila, ukianza na barua pepe, na uondoe vifaa vyote vilivyoingia kwenye akaunti. Aliyeiba vidakuzi vya kivinjari (kumbukumbu zinazokuacha ndani ya akaunti) anaweza kuingia bila nywila. Waambie na wateja, hata kama ni aibu. Kufuta programu peke yake hakutoshi, kwani krak nyingi hujiandikisha kwenye orodha ya vitu ambavyo Defender, antivairasi ya Windows yenyewe, haivigusi.

Nakili hati na picha tu, usinakili faili lolote la .exe (la programu), kisha piga Windows upya kwa flashi ya GB 8 iliyoandaliwa kwenye mashine safi. Mafaili yakiwa yameongezewa kiambishi kigeni mwishoni mwa jina na kuna _readme.txt, hiyo huenda ni STOP/Djvu, programu inayofunga mafaili na kudai pesa, inayosambaa kwa krak tangu 2018. Usilipe, wala usiyafute: yahifadhi kwenye diski ya nje, maana Emsisoft, kampuni ya usalama wa kompyuta, ina kifunguo cha bure kwa baadhi ya matoleo yake.

Badala ya krak kuna programu za bure: kwa barua na CV, LibreOffice inatosha kabisa. Kwa kadi tumia Inkscape, ila faili za .cdr kutoka CorelDRAW mara nyingine hufunguka maandishi yamevurugika, kwa hiyo mwombe mteja alete PDF.