Jibu: Msimu bora wa ubingwa, futiboli ya vyuo Marekani

Mkuu, umeuliza ni chuo gani kilichowahi kuwa na msimu mkali kuliko vyote kwenye futiboli ya Kimarekani (si soka). Kwangu ni LSU (Chuo Kikuu cha Jimbo la Louisiana) ya 2019, tena kwa mbali. Mechi 15, wameshinda zote. Kwotabeki wao (mrusha pasi anayeongoza mashambulizi), Joe Burrow, aliyekosa namba kwenye chuo chake cha awali, Ohio State, alirusha pasi 60 za tachidauni, yaani za kufunga kwa kuufikisha mpira eneo la mwisho la wapinzani. Nusu fainali na Oklahoma alishafikisha 7 kabla ya mapumziko! Alabama walifungwa kwao Tuscaloosa, 46-41. Lakini itazame fainali ya New Orleans: Clemson, mabingwa watetezi, wanaongoza 17-7, halafu LSU wanashusha tachidauni tatu mfululizo ndani ya robo ya pili. Ikaisha 42-25. Timu kamili ile, mkuu.